Hakuna Kilichopunguzwa

4 Machi

Chiriku, mtoto wa kaka yangu,

Marahaba. Najua umeniamkia hata kama sijakusikia.

Albamu yako imetoka. Ninayo hapa mezani, jalada la bluu na wewe umekaa kwenye ngazi kama mtu aliyesahau ufunguo. Pale chini kwenye kona yamo yale maneno niliyoyapigania miezi minne: "Sauti kamili. Hakuna kilichopunguzwa." Meneja wa kampuni alitaka kuyafuta, eti wasikilizaji hawajui maana yake. Nikamwambia hawajui kwa sababu watu kama yeye wamewalisha makapi miaka ishirini, mpaka wameamini makapi ndiyo chakula. Akanyamaza. Nadhani alinyamaza. Yule bwana anaongea mdomo umefumba, kama watu wote siku hizi.

Usichoke nikirudia somo, maana wewe ndiye utakayeulizwa kwenye redio. Sauti ikibanwa ili faili liwe jepesi, mashine ndiyo inayoamua kitu gani sikio lako halitakikumbuka, na inakitupa. Nani ameipa kazi hiyo? Inatupa ncha za maneno, inatupa pumzi, inatupa chumba. Anabaki mwimbaji anaimba hewani, hana kuta wala sakafu. Nilifanya kazi ya fundi mitambo redioni miaka ishirini na sita nikiwapigia kelele, na kila Alhamisi bado nawapigia kelele kwenye safu yangu gazetini. Sasa wataona. Albamu ya kwanza ya binti wa miaka ishirini na mitatu, nyimbo tisa, imerekodiwa kwenye chumba cha nyuma cha shangazi yake, na haijapunguzwa hata chembe.

Ile diski ya mchanganyiko wangu niliyokutumia usikilize, ukanirudishia na karatasi yako ya "sawa, zote tisa" nimeipeleka kampuni kama ilivyokuja. Niliangalia ukubwa wa mafaili, uko vilevile. Nikazisikiliza zote mara moja nimekaa kwenye kiti changu, nikatabasamu peke yangu kama mwendawazimu. Sikugusa hata unywele. Gazeti la Jumapili limeandika kuwa sauti "imetulia, haichomi masikio." Imetulia! Hiyo ndiyo kazi yangu, mwanangu. Mikono hii.

Umeniuliza tena kwa nini siipokei simu. Nimekwisha kueleza. Simu inaichukua sauti ya mtu, inaikata kichwa na miguu, inakuletea kiwiliwili. Siwezi kuzungumza na kiwiliwili chako. Andika. Barua haijapunguza mtu.

Nyumbani kuzima. Kengele ya mlango imekufa. Fundi amekuja mara mbili akasema ni nzima, mwongo mkubwa. Ndege wa dirishani wamehama. Nadhani ni kelele za ujenzi.

Shangazi yako


15 Machi

Shangazi, shikamoo,

Barua yako imenikuta kwenye mji wa tatu wa ziara, nyumba ya wageni yenye zulia linalonuka mvua. Nimeisoma mara mbili, halafu Kidole akaninyang'anya akaisoma kwa sauti yako, mpaka mpiga ngoma akaanguka kitandani kwa kucheka. Kidole anakuamkia. Anasema ndiye mpiga kinanda pekee duniani aliyewahi kuvuliwa mkanda kwa sababu kifungo chake kinalia. Hajasahau lile beseni lako la mlangoni: saa, funguo, mkufu, mkanda, vyote humo, hakuna kuingia na kitu kinachogongana. Alisema aliimba nusu uchi. Nikamwambia wewe hukuimba, ulipiga kinanda, usitie chumvi.

Watu wanaipenda albamu, Shangazi. Jana mama mmoja alinishika mkono akasema wimbo wa tisa anausikiliza akipiga pasi. Nilitaka kulia.

Sasa nina maombi mawili, na usinune. La kwanza: usiandike sana habari ya "sauti kamili" gazetini. Si kwamba sijivuni. Ila ukilisema jambo kwa nguvu hivyo, watu wanakuja na darubini. Acha nyimbo zitembee zenyewe kwanza.

La pili: zile diski za mwanzo kabisa, tulizorekodia, kabla hujachanganya sauti, bado ziko kabatini? Hujazifuta ili uzitumie tena? Nauliza tu.

Na tafadhali, siku moja pokea simu. Kiwiliwili changu kimekukumbuka.

Chiriku wako


22 Machi

Kwa Mama Mwandishi wa safu ya Alhamisi,

Heshima yako, mama. Mimi ni fundi wa simu, duka la pili baada ya benki, lenye mlango wa kijani. Nimesoma safu yako tangu nikiwa shule. Wewe ndiye uliyenifundisha kwamba sauti ina chumba, na nikaacha kusikiliza muziki nikitembea barabarani.

Nimeinunua albamu ya Chiriku, ile ya sauti kamili, nikaikalia kimya na hedifoni nzuri. Nyimbo ni nzuri kweli. Lakini kuna kitu kilinikera na sikukijua jina. Nikaichora kwa kompyuta. Unajua mchoro wenyewe: sauti nzito chini, sauti kali juu. Rekodi iliyo kamili, kule juu huwa kama majani ya shamba, mengine marefu, mengine mafupi, yanakwisha polepole. Hii ya Chiriku imekatwa bapa, wimbo wa kwanza hadi wa tisa, mahali pamoja, kama mtu kapita na panga. Mama, panga hilo tunalijua. Ni alama ya faili lililowahi kubanwa, halafu likahifadhiwa upya kwa ukubwa wa zamani. Ukubwa unarudi. Kilichotupwa hakirudi.

Sijaandika popote. Nimeona nikuulize wewe kwanza, maana labda kampuni imekuharibia kazi bila wewe kujua. Naambatanisha mchoro.

Wako kwa heshima,
Fundi wa simu


25 Machi

Bwana Fundi wa simu,

Nimeupokea mchoro wako. Ni mzuri, utundike dukani.

Unaniambia mimi, niliyeshika rekodi kabla mama yako hajafikiria kukuzaa, kwamba umeuona wimbo. Wimbo hauonwi. Hiki ndicho kizazi chenu: mna macho kila mahali, masikio mmeyaweka rehani. Mtu anakaa mbele ya kioo, anaona mstari umekatika, anainuka kumfundisha kazi mwanamke aliyezisikiliza nyimbo zile tisa kwa masikio yake mawili na kuzipitisha. Kampuni haijaharibu kitu. Diski nimeipeleka kwa mkono wangu.

Umenisifu ili unichinje vizuri. Asante kwa sifa.

Mimi sibishani na michoro. Jumamosi tarehe 20 Aprili, saa nne asubuhi, ukumbi wa maktaba. Njoo na mashine yako. Nitakuletea rekodi yangu mwenyewe ya redioni, kwaya ya wauguzi, ambayo hata wewe huwezi kuitilia shaka. Ibane upate nakala nyepesi. Nitakaa nimeipa mashine mgongo, utapiga mara kumi, mara kamili, mara iliyobanwa, kwa mpangilio wako. Nitakuambia ipi ni ipi. Nikikosea, naacha safu na sishiki tena kalamu. Nikipatia, utasimama mbele ya watu useme masikio ya mwanamke huyu yameshinda kompyuta yako.

Alhamisi hii barua hii inatoka gazetini, neno kwa neno. Tusijifiche.

Mwandishi wa safu ya Alhamisi


28 Machi

Chiriku,

Fupi, maana nina kazi. Nakutumia kipande cha gazeti la leo. Kuna kijana mmoja, fundi wa simu, amedai albamu yako imebanwa. Nimemjibu. Utacheka ukisoma. Nimeapa mbele ya nchi nzima, na tarehe 20 Aprili atakiona cha mtema kuni.

Njoo ukae mstari wa mbele. Vaa lile gauni la kijani. Mlete na Kidole na mkanda wake.

Diski ziko kabatini, zote. Kwa nini niifute sauti yako? Swali gani hilo.

Shangazi


4 Aprili

Shangazi,

Nimeanza barua hii mara tano. Hii ya sita naituma hata ikiwa mbaya.

Usiende maktaba. Fundi wa simu amesema kweli.

Diski ya mchanganyiko wako ilipofika kwetu, tuliisikiliza wote chumbani. Shangazi, ilikuwa inachoma. Kila "s" ilikuwa kama msumeno. Matoazi yalikuwa kama mtu anamwaga vijiko sakafuni. Mpiga ngoma alivua hedifoni akanitazama. Ulikuwa umezipandisha sauti za juu kupita kiasi, katika nyimbo zote tisa. Nikajua kwa nini. Umezipandisha mpaka pale wewe ulipoanza kuzisikia.

Nilipaswa kukuandikia siku ile. Nikashindwa. Nikamwambia Kidole azishushe. Kompyuta yake ni ya zamani, ilikuwa inakwama kwenye mafaili mazito, na yeye alikuwa na nakala nyepesi alizobana ili ajifunzie nyimbo barabarani. Akazitengeneza hizo. Akashusha zile sauti za juu mpaka zikakaa. Halafu akazihifadhi upya kwa ukubwa uleule wa kwako, kwa majina yaleyale, tukakurudishia diski. Tuliamini ukubwa ukirudi na sauti imerudi. Wajinga wawili. Nikaandika "sawa, zote tisa."

Nilidhani utasikia. Nakuapia, nusu yangu ilikuwa inaomba usikie, unipigie kelele, mambo yaishe. Badala yake ukaandika umetabasamu peke yako.

Na hukuanza pale. Mimi nilijua tangu siku ya kwanza ya kurekodi. Zile bangili zako tatu nyembamba, zisizovuka tena kifundo cha gumba. Miaka yote ulizifunga kitambaa kabla ya kuwasha maiki. Nilipokuwa na miaka minane mimi ndiye niliyekufungia fundo. Siku ile wote tulitupa vitu vyetu kwenye beseni, nikasubiri unyooshe mkono. Hukuunyoosha. Ukakaa kitini, ukatikisa kichwa kwa mdundo, na bangili zikawa zinalia waziwazi, ting, ting, na wewe uliyemvua mtu mkanda ulikuwa umetulia kabisa. Kidole alinikonyeza tukuambie. Nikamkanyaga mguu.

Ndege hawajahama, Shangazi. Kengele ya mlango ni nzima.

Sema unaumwa. Sema nimekudanganya, maana ni kweli. Lakini usikae kwenye kiti kile.

Chiriku


10 Aprili

Chiriku,

Kwa hiyo mlikaa chumbani, watu watatu, mkanihurumia.

Nimepigana na wabanaji maisha yangu yote. Nimegombana na wakurugenzi, nimekosa vyeo, nimeitwa mchawi wa redio. Kumbe mbanaji alikuwa anakula mezani kwangu na kunisaidia kuosha vyombo.

Ungeniambia "Shangazi, inachoma," ningekutukana siku mbili, siku ya tatu ningeitengeneza. Hilo ndilo unalolijua kuhusu mimi tangu una miaka minane. Ukaamua kunifanya kikongwe. Ukaniandikia "sawa," nikaamini, kwa sababu ni wewe. Nikatembea na lile neno mitaani kama mtu aliyebandikwa karatasi mgongoni.

Kuhusu masikio yangu huna unachokijua. Yangu ni yangu.

Jumamosi nitakaa kwenye kiti kile. Nimeapa, na sina desturi ya kutafuta homa ya kusingizia.

Usiniandikie.

Dada wa baba yako, akipenda


26 Aprili

Dada Chiriku,

Hunijui. Mimi ndiye fundi wa simu niliyeanzisha balaa hili. Anwani yako nimeiona nyuma ya bahasha nyumbani kwa Mama; yeye hajui kama nakuandikia. Nimeona huwezi kuyajua mambo kwa kusoma gazeti, maana gazeti limeandika mistari mitatu tu.

Jumamosi ukumbi ulijaa. Wengine walikuja kumwona anashinda, wengine kumwona anaanguka, na wazee wawili nadhani walikuja kwa sababu ya kivuli. Mama alifika saa nne kamili, amevaa koti lake la kazi la redioni. Akakaa, akaipa mashine mgongo. Akaniambia, "Anza, kijana, usinipotezee asubuhi."

Nikapiga ya kwanza. Akasema, "Kamili." Alipatia. Watu wakapiga makofi bila hata kujua kama amepatia. Nikapiga ya pili. Akasema, "Imebanwa." Alikosea. Nikaandika kwenye karatasi yangu, maana tulikubaliana majibu yatasomwa mwisho. Nikapiga ya tatu, na kwaya ilikuwa haijamaliza hata ubeti, akainua mkono.

"Fundi, simamisha. Nabahatisha."

Nikaona aibu kuliko yeye. Nikasema, "Mama, labda ni spika za ukumbi huu."

"Spika ni nzima. Usinipake mafuta kwa mgongo wa chupa mbele za watu."

Akanyanyuka, akakigeuza kiti mwenyewe, akakaa akiwatazama. Nakuandikia alivyosema, nimeyashika: "Albamu ya Chiriku imeandikwa sauti kamili. Siyo kamili. Imebanwa, kama kijana huyu alivyosema, na mimi nikamtukana gazetini. Mimi ndiye niliyeisikiliza, mimi ndiye niliyeipeleka. Sikusikia. Mnataka kujua tangu lini? Mwaka wa nne sasa. Mmesoma kwenye safu yangu kwamba simu ni takataka. Ni takataka. Lakini mimi niliacha kuzipokea kwa sababu siwaelewi mnachosema."

Mtu mmoja nyuma akacheka, akidhani ni mzaha. Kisha kicheko kikamfia mdomoni. Mama akaitoa kalamu kwenye mfuko wa koti, akaiweka juu ya mashine yangu, akaondoka. Ninayo dukani. Sijui niipeleke wapi.

Jinsi nyimbo zilivyobanwa hakusema. Nimemuuliza mara mbili, ananijibu, "Mkono uliteleza." Ninamheshimu, dada, lakini nimefungua mashine yake, na mkono ule haukuteleza pale. Mengine siyaulizi.

Jumatatu alikuja dukani kwangu. Alitumia nusu saa kuyatukana mabango yangu ya hedifoni, bango moja baada ya jingine, halafu akasema, "Jumatano saa tatu, kwangu. Njoo na masikio." Nimeanza kuchanganya upya kutoka diski za mwanzo, zile za kabatini, ili kampuni itoe toleo la kweli. Yeye anakaa pembeni na kuniambia nini kiwe wapi, na ninapofika kule juu ananiuliza, "Unasikia nini?" Namwambia. Anafumba macho. Ndege pale dirishani wanapiga kelele mpaka inabidi nifunge kioo.

Sasa shida yangu. Diski za mwanzo zina kitu. Kule juu kabisa kuna mlio mwembamba, kama vijiko vidogo sana, karibu katika nyimbo zote. Ilinichukua siku nzima kujua. Ni bangili zake. Naweza kuutoa, itanichukua kama wiki, na pumzi zako kidogo zitaondoka nao. Au niuache, na kila mwenye hedifoni nzuri atausikia. Kumuuliza yeye siwezi. Nitamwambiaje? Sauti ni yako, albamu ni yako. Niambie.

Nakutumia diski usikilize.

Fundi wa simu


2 Mei

Shangazi, shikamoo,

Ulisema nisikuandikie. Naandika. Ukiichana, ichane ukiwa umesoma.

Fundi ameniambia ya maktaba. Yote, na lile uliloliacha pia. Hukunitaja. Uliketi mbele ya watu wote wale ukabeba mzigo wangu pamoja na wako, na wale waliokuja kukuona unaanguka wakaenda nyumbani wanadhani kosa lote ni lako. Wiki ijayo nina mahojiano redioni. Nitasema nani alibana na kwa nini. Usinikataze. Hata hivyo nitakuwa nimeshasema.

Ameniletea diski pia. Tumeisikiliza mimi na Kidole, mlango umefungwa, na Kidole amevua mkanda bila kuambiwa.

Unajua kilichoko chini, huhitaji kuelezwa. Nakuandikia cha juu. Vidole vya mpiga gitaa vinasikika vinapohama kwenye waya, mlio mfupi, kama kiberiti kabla hakijawaka. Ulimi wangu unasikika ukigusa meno. Chumba kimerudi: ukutani kwako kule kwenye mlango kuna kona inayorudisha "s" kidogo, sikuwahi kujua. Na zimo bangili zako.

Fundi aliogopa kukuambia. Mimi nakuambia, maana mara ya mwisho nilipoogopa tumefika hapa. Zinalia kila unapotikisa kichwa, maana na mkono nao unatikisika gotini. Wimbo wa kwanza zinalia mwanzo tu, ulikuwa bado unatutilia shaka. Wa pili kimya. Wa tano kimya kama jiwe. Ulisema maneno yake ni ya kitoto, sikukuamini, sasa naamini. Wa saba umeanza polepole ukakolea. Wa tisa, Shangazi, zinalia tangu mpigo wa kwanza, na mimi ninapomaliza kuimba na Kidole ameinua mikono, kwenye ule ukimya uliotuamuru tusipumue, zinalia mara tatu zaidi. Bado ulikuwa unaendelea.

Uliniambia albamu nzima, "Endelea, si mbaya." Hilo ndilo neno pekee. Sikujua ni wimbo gani uliupenda.

Kidole aliposhusha sauti za juu, wewe ndiye uliyetoka wa kwanza. Hatukujua tunamtoa nani.

Fundi anauliza aziondoe au aziache. Mimi nataka aziache. Nakuuliza badala ya kukufichia.

Chiriku


9 Mei

Chiriku,

Marahaba.

Aziondoe.

Umekuwa mwimbaji, hujawa mpumbavu. Bangili kwenye rekodi ni takataka, na takataka haigeuki almasi kwa kuwa imetoka kwa shangazi yako. Nimewavua watu saa, nimewavua pete za ndoa. Bibi harusi mmoja alilia mlangoni kwangu akaitupa pete yake kwenye beseni hivyo hivyo. Nikiacha za kwangu, wote hao nilikuwa nawaonea.

Nimeipokea barua yako Jumanne. Nimeisoma hadi kwenye kile kiberiti, nikaiweka chini, nikaenda kukaa chumba cha nyuma. Kumbe kuna kona mlangoni. Miaka kumi na moja nimekaa chumba kile na sikujua kuna kona.

Nimemweleza fundi. Kwanza nilimgombeza kwa kukuandikia kwa siri. Ninyi nyote mna ugonjwa mmoja. Akanisikiliza, kisha akaniambia, kwa adabu yake ile ya kuudhi, kwamba akiziondoa kwenye wimbo wa tisa ataondoa na pumzi yako ya mwisho, kwa kuwa zimelaliana. Nikamwambia achore nione. Akachora. Nimeuona wimbo, Chiriku. Nimekaa mbele ya kioo kama wao, na miwani yangu, nikaziona pumzi zako, na juu yake vistari vitatu vyembamba kama kucha za paka. Nikavitazama mpaka chai ikapoa. Ndiyo mara ya kwanza kuviona, na kuvisikia sitavisikia.

Basi sikiliza amri yangu na usibishane. Wimbo wa kwanza hadi wa nane, zitoke zote. Wa tisa zibaki. Lakini jalada liseme, pale pale chini kwenye kona: mlio wa bangili ni kosa la fundi mitambo. Kwa maandishi yanayosomeka. Nataka nilaumiwe kwa kilichomo.

Wimbo wa tano uutoe au uuandike upya.

Kuhusu redio, sema. Ila usilie. Sauti yako ikiloa inashuka nusu noti na unajua.

Na ukirudi nitakuwa bado nimekukasirikia. Nakuambia mapema ili usije na keki.

Jana nimechukua sabuni, nikaweka mkono kwenye maji ya moto robo saa. Zimetoka mbili. Ya tatu imekataa, nimeifunga kitambaa, fundo baya, la mkono mmoja. Mbili ziko kwenye beseni.

Jumapili saa kumi jioni nipigie simu. Nitaiweka sikio la kushoto, hilo bado lina kazi kidogo. Usipige kelele, kelele hazisaidii. Sema polepole, uyamalize maneno. Na ukiona nimenyamaza muda mrefu usikate. Nitakuwa bado nayaunganisha.

Shangazi yako